Haki ya Jirani Kabla ya Posa



Ndugu zangu wanafunzi, hakuna mada inayojaza ukumbi wetu kama ndoa. Basi nami niseme yaliyonikuta.

Nilikuwa namsaidia baba yangu mdogo katika karakana yake ya kuchomelea vyuma, Zone Industrielle, hapa Bujumbura. Mabaki ya vyuma tuliyarundika kwenye mtaro. Mvua za Aprili ziliponyesha, maji yakafurika mpaka stoo ya jirani, mzee mwenye mashine ya kusaga, yakaharibu magunia sita ya unga. Nikabisha. Nikasema mtaro ni wa serikali. Binti yake, anayemwekea hesabu, akatoka na daftari mkononi, akaniambia mbele ya watu: "Kaka, unaswali safu ya kwanza, na unga wetu unalowa."

Usiku ule sikulala. Mtume wetu (s.a.w.) aliapa mara tatu kwamba hana imani yule ambaye jirani yake hasalimiki na shari zake. Na katika Surat An-Nisaa, aya ya 36, wema kwa jirani umeamrishwa katika aya ileile inayoamrisha kumwabudu Allah peke Yake. Mimi nilikuwa najihesabu mcha Mungu!

Asubuhi nikaenda kuomba radhi, nikakubali kulipa. Kila Alhamisi nilipeleka pesa, binti akaandika. Namba yake ya simu sikuwahi kuwa nayo (najua wengine mnacheka). Lakini moyo ulishahama. Baba mdogo akapeleka posa, mzee akajibu: "Amalize kwanza deni la unga. Binti yangu si punguzo."

Surat Al-Mumtahana, aya ya 7, inatutajia kwamba Allah anaweza kutia mapenzi baina ya waliokuwa maadui. Baadhi ya wafasiri hutaja hapo ndoa ya Mtume (s.a.w.) na Ummu Habiba, binti wa Abu Sufyan, yuleyule aliyewaongoza Maquraishi Uhud. Bibi huyo aliozwa akiwa Uhabeshi, barani kwetu, na Najashi ndiye aliyetoa mahari. Baba yake hakusilimu mpaka mwaka wa 8 Hijria.

Gunia la sita nililimaliza Alhamisi. Ijumaa, baada ya swala, posa ikapokelewa.

Siku hizi, Jumamosi asubuhi, wakati wa kazi za jamii, mimi na mkwe wangu tunazibua mtaro uleule. Mke wangu hutusimamia. Daftari bado analo.