MWAMUZI ALIYESHUKA UWANJANI

Neno letu linatoka Yohana 5:27 na Waebrania 4:15.

Huko Australia wanacheza raga ya watu 13 kila upande. Mchezaji mmoja, Luke Phillips, alisimama nyuma ya wenzake wote katika timu ya Sydney Roosters. Kazi yake ilikuwa kudaka mpira wa juu, huku wanaume wazito wakimkimbilia kumwangusha. Mwaka 2002 timu yake ilipata ubingwa, ikaishinda New Zealand Warriors 30 kwa 8. Baadaye akaacha kucheza, akashika filimbi, akawa mwamuzi katika ligi ile ile kubwa aliyoichezea.

Tufikiri kidogo. Mwamuzi wa namna hii amekwisha kuangushwa kabla ya kuwaamua walioangushwa. Anaijua nyasi kwa mgongo wake.

Sisi wa Lubumbashi tunajua pia filimbi iliyokosea. Tarehe 18 Juni 1974, kule Gelsenkirchen, Ujerumani, Zaire ilicheza na Yugoslavia. Ilunga Mwepu, mchezaji wa Mazembe ya hapa kwetu, alimpiga mwamuzi teke. Mwamuzi, Omar Delgado wa Kolombia, akamtoa nje Ndaye Mulamba. Ndaye akakana, haikusaidia kitu. Yeye aliyefunga mabao 9 katika Kombe la Afrika mwaka ule ule, akatoka kwa kosa la mwenzake.

Ndugu zangu, tusimcheke mwamuzi yule. Sisi watu wa kanisa la unabii tunayo filimbi mkononi. Ni mara ngapi tumemnyooshea mtoto kidole, tukisema huyu ndiye mchawi, kwa sababu baba amepoteza kazi au mdogo wake amekufa? Mtoto anakana kama Ndaye, nasi hatusikii. Tunaungama mbele yenu: sisi wazee tulikubali mtoto mmoja afukuzwe katika lupango la baba yake. Kumbe ugonjwa uliomwua ndugu yake ulikuwa malaria. Mtoto yule akalala sokoni siku nyingi, na sisi tulikuwa tunaimba.

Katiba ya nchi yetu ya 2006, kifungu cha 41, inakataza kumshitaki mtoto kwa uchawi. Ni aibu serikali itukumbushe jambo ambalo Injili ilitufundisha zamani.

Sikieni sasa. Baba amempa Yesu mamlaka ya kuhukumu kwa sababu yeye ni Mwana wa Adamu. Hakuhukumu kutoka mbali. Alishuka uwanjani, akajua njaa, kiu na fimbo. Tena yeye mwenyewe alitolewa nje ya mji kwa makosa yetu sisi. Basi kila mtoto tunayemtoa bure, anamkuta Yesu kule nje, amesimama pamoja naye.

Kwa hiyo, nabii akiona neno, asilitangaze peke yake. Wengine wapime, kama 1 Wakorintho 14:29 inavyoagiza. Mgonjwa apelekwe hospitali, nasi tuombe. Mtoto asikilizwe. Na wewe uliyemfukuza wako, usingoje Jumapili. Nenda leo, umtafute, umrudishe nyumbani, umwombe msamaha.

Mwamuzi wetu anaujua uwanja. Atuhurumie. Amina.