Msimwambie Ajikaze

Wanangu, nimezika watu wengi katika mji huu wa Kampala, na matangani nasikia maneno yaleyale: "Alikuwa mkimya tu, hatukujua kitu." Nimechoka kuyasikia. Mlijua. Mlimwona anavyopungua mkanyamaza, na aliyefungua kinywa alimwambia ajikaze.

Mtazameni mama anayeuza nyanya pale Bwaise. Siku zake njema hupanga mafungu kwa ustadi, nzima juu, zilizopondeka chini (ujanja wa soko tunaujua), na wateja huwaita kwa majina. Kisha inafika siku zilizooza ziko juu, nzi wamezitanda, naye kakaa anatazama barabara. Ukimuuliza bei hajibu. Jirani anasema anaringa. Shemeji anasema mvivu. Mwingine kaona kalogwa. Hakuna aliyemuuliza kama usiku anapata usingizi, au jana alikula nini.

Ule ni ugonjwa, ndiyo sonona. Msiniambie ni mambo ya Wazungu. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa wenye ugonjwa huo duniani ni zaidi ya milioni 280, wanawake wengi kuliko wanaume, na katika nchi za kipato kama chetu zaidi ya robo tatu hawapati tiba yoyote. Wanaume nao huuficha kwenye waragi, tukawaita walevi, basi.

Najua mnaiogopa Butabika. Hospitali ile ya magonjwa ya akili ilifunguliwa mwaka 1955, na jina lake mmelifanya tusi la kurushiana barabarani. Lakini wako wanaokwenda asubuhi, wakamwona daktari, wakapewa dawa na kurudi kupika chakula cha jioni. Wala si lazima kuanzia huko.

Tena dunia imejifunza kwetu njia moja ya kuutibu ugonjwa huu, na ninyi hamna habari. Mwaka 2002, vijijini Masaka na Rakai, ambako ukimwi ulikuwa umeacha makaburi na mayatima, watafiti waliwakusanya wenye sonona katika vikundi, wanawake peke yao na wanaume peke yao. Walikutana mara moja kwa wiki, saa moja na nusu, kwa wiki 16. Kidonge hakikuwapo. Waliowaongoza walikuwa watu wa hukohuko, wamesoma sekondari na kufundishwa kazi hiyo kwa wiki mbili tu. Watu walikaa wakasema: mtoto niliyemzika, mume tusiyesemezana, shamba lililonitoka. Wenzao wakasikiliza, wakashauriana la kufanya. Mwishoni, waliobaki na ugonjwa hawakufika 7 katika kila 100. Katika vijiji ambavyo havikupewa vikundi walikuwa zaidi ya nusu. Shirika la StrongMinds, lililoanzishwa 2013, limekuwa likiwakusanya wanawake wa Uganda kwa njia hiyohiyo, na mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani likatoa mwongozo wake ili mataifa mengine nayo yaitumie.

Sasa niambieni, ni nani aliyewahi kuponywa na "jikaze"?

Sisemi mwache kuomba. Mimi mwenyewe Ijumaa hainipiti bila kupanda msikitini Kibuli. Ila shehe akishamaliza dua, au mchungaji akishaombea, mshikeni mkono mgonjwa mumpeleke kituo cha afya, mseme wazi kuwa kinachouma ni moyo. Mkisema malaria mtapewa dawa ya malaria.

Na akikuambia amechoka kuishi, usimhubirie, usimkumbushe watoto wake. Anawakumbuka kuliko wewe. Muulize waziwazi kama anawaza kujiua. Swali hilo halimpandikizii mtu wazo ambalo hakuwa nalo. Kisha usimwache peke yake hata kidogo. Fuatana naye mpaka kwa daktari, siku hiyohiyo.