Mvumilivu Hula Mbivu: Je, Ni Kweli Daima?

Tangu utoto tumefundishwa methali hii: mvumilivu hula mbivu. Wazee huitaja barazani, walimu huiandika ubaoni, wazazi humwambia kijana aliyeshindwa mtihani. Ni methali njema. Walakini hata maneno mema yafaa kuchunguzwa, tujue yana uzito gani. Maana sote tunawajua watu waliovumilia miaka mingi, wakafa bila kuonja tunda hata moja. Je, hao walikosa uvumilivu? Au methali iliwadanganya?

Ili tulijibu swali hili, tutatwaa mfano wa mbali, katika nchi ya Marekani, kwa wachezaji wa mpira uitwao besiboli. Msishangae, wasomaji wetu. Mara nyingi mchezo wa watu wengine hutuonyesha mambo ya watu wote.

Besiboli huchezwa hivi. Mtu mmoja hurusha mpira mdogo, mgumu, kwa nguvu zake zote. Mshindani wake husimama na gongo, akijaribu kuupiga. Akiupiga vema, hukimbilia vituo vilivyopangwa uwanjani, kimoja baada ya kingine. Karibu na vituo hivyo husimama walinzi wanne, ndio wachezaji wa ndani. Mpira ukija mbio ukitambaa chini, mlinzi sharti ainame, audake, aurushe kituoni, yote kwa kufumba na kufumbua. Kazi hiyo yataka miguu myepesi na moyo mtulivu. Tena ni mchezo wa kumnyenyekesha mtu: mpigaji ashindwaye mara saba katika kumi huhesabiwa kuwa hodari.

Juu kabisa iko ligi kuu, yenye timu 30. Chini yake ziko ligi ndogo, ngazi juu ya ngazi, katika miji midogo. Huko maelfu ya vijana hungoja kuitwa juu, na wengi wao hawaitwi kamwe. Tofauti ya mshahara inatisha. Mwaka 2023, mchezaji wa ligi kuu alilipwa kwa uchache dola 720,000 kwa mwaka. Yule wa ngazi moja tu chini yake alilipwa kwa uchache dola 35,800. Hata hizo zilikuwa zimeongezwa: mwaka 2021 kima cha chini cha ngazi hiyo kilikuwa dola 700 kwa juma, na miezi isiyo na mchezo haikulipwa.

Miongoni mwa wenye kungoja alikuwako Drew Maggi, kijana wa Arizona, mchezaji wa ndani. Timu ya Pittsburgh ilimchagua mwaka 2010, naye akaanza kazi katika ligi ndogo. Baadaye akaachiliwa. Akapokewa na timu nyingine, kisha nyingine: Angels, Dodgers, Cleveland, Twins, Phillies. Kila mahali alipewa nafasi katika ligi ndogo, akilinda kituo hiki leo na kituo kile kesho, kama fundi abebaye vyombo vyake begani na kwenda kazi ilipo. Mwaka 2020 ligi ndogo hazikuchezwa kabisa kwa ajili ya ugonjwa wa korona. Mwaka 2021 Twins walimwita juu siku chache, wakamkalisha benchini, wakamrudisha bila kumwingiza uwanjani. Mwishowe akarudi kwa Pittsburgh, palepale alipoanzia.

Mwezi wa Aprili 2023, akiwa na miaka 33, baada ya michezo zaidi ya 1,100 ya ligi ndogo, aliitwa ligi kuu. Tarehe 26 aliambiwa apige badala ya Andrew McCutchen, mchezaji mwenye sifa kubwa katika mji ule. Watu uwanjani wakasimama, wakamshangilia, wakalitaja jina lake. Wazazi wake walikuwapo. Mrushaji akarusha, Maggi akapunga gongo, akakosa, akatolewa. Siku tatu baadaye, huko Washington, alipata pigo lake la kwanza. Kwa jumla alicheza michezo mitatu, akapata mapigo mawili. Kisha akarudishwa ligi ndogo.

Basi, wako watakaosema: Tazameni! Mvumilivu amekula mbivu! Sisi twasema: ngojeni kidogo. Lipimeni tunda lenyewe. Ikiwa miaka 13 ilikuwa bei, na michezo mitatu ndiyo mali iliyonunuliwa, basi bei ilizidi mno, na Maggi ni mfanyabiashara aliyepata hasara. Tena, je, tutasema nini juu ya wale wasioitwa hata siku moja? Walitoka jasho lilelile, wakasafiri usiku katika mabasi yaleyale. Na Mike Hessman je? Naye alilinda vituo vya ndani, miaka 20. Mwaka 2015 alifikisha mapigo 433 ya kuvuka ukuta wa uwanja, akawapita wote waliopata kucheza katika ligi ndogo za Marekani. Katika ligi kuu alipata 14 tu. Hakuna mtu awezaye kusema kwamba uvumilivu wake ulikuwa mdogo.

Hapo ndipo tunapoiona hatari ya kuisoma methali kwa haraka. Tukimwambia kijana, “Vumilia, hakika utapata,” tunampa ahadi isiyo mikononi mwetu. Siku asipopata, atatuita waongo, au vibaya zaidi, atajidharau, akidhani kwamba kosa ni lake.

Tunda la kwanza la uvumilivu hulimwa na kuvunwa katika kazi yenyewe. Mpira uliodakwa vema katika mji mdogo umedakwa vema, hata kama watazamaji ni wachache. Miaka ile 13 ingekuwa miaka ya mtu mwaminifu hata kama simu isingepigwa. Nadhani watu wa Pittsburgh walilifahamu jambo hili, maana walimshangilia kabla hajafanya lolote mbele yao. Walishangilia siku zile nyingi ambazo hawakuwapo kuziona.

Lakini tusivuke mpaka. Kuna uvumilivu, na kuna ukaidi unaojivika nguo za uvumilivu. Tutautambuaje? Twaona maswali matatu yafaa. La kwanza: nani alipaye gharama? Mtu mmoja akichagua umaskini kwa ajili ya kazi aipendayo, ni haki yake. Akiwachagulia mke na watoto wasiokubali, hiyo si fadhila tena. La pili: je, kazi ya leo anaifanya vizuri, au anaidharau kwa kuwa macho yake yako juu tu? Mwenye kungoja bila kutenda hawi mvumilivu, amekaa tu. La tatu: kijana wa miaka 20 akimpita na kuitwa juu, je, anaweza kumshika mkono na kumfurahia? Uvumilivu uliojaa kijicho umekwisha kuoza ndani. Anayeshindwa maswali haya na aache bila haya. Kuacha kwa wakati wake ni busara. Hessman naye aliacha mwaka ule wa 2015, akaenda kuwafundisha vijana kupiga mpira.

Tena liko neno la haki. Wakubwa wa kazi hupenda sana kuusifu uvumilivu wa wafanyakazi wao, maana sifa haiwagharimu senti. Katika Marekani, miaka mingi, wachezaji wa ligi ndogo waliambiwa wavumilie mishahara midogo kwa kuwa mbele kuna tumaini kubwa. Hatimaye, mwaka 2022, waliingia katika chama cha wafanyakazi wa mchezo huo, na mwaka 2023 wakapata mapatano yao ya kwanza ya kazi. Ndiyo yaliyoleta ile nyongeza tuliyoitaja. Je, walikosa uvumilivu? Hasha. Kuvumilia shida isiyoepukika ni fadhila. Kunyamaza mbele ya ujira wa kumpunja mtu, wakati uko uwezo wa kusema kwa adabu, hakumfaidi mfanyakazi wala bwana wake.

Basi turudi kwetu wenyewe. Yuko mwalimu wa kijijini ambaye hatapewa kamwe kuwa mkuu wa shule. Yuko seremala ambaye jina lake halitajulikana nje ya mtaa wake, na mwuguzi wa usiku ambaye mgonjwa akipona humshukuru daktari. Tusiwaambie hao kwamba siku yao itafika. Pengine haitafika. Tuwaambie kwamba tumeiona kazi yao, nasi tuwaambie wangali hai na wangali kazini, wala tusingoje mpaka waitwe juu ndipo tusimame na kuwashangilia.