Je, Mwenye Nguvu Atumie Nguvu Zake Zote?

Jumapili moja baada ya ibada vijana wetu walicheza mpira na watoto wa kijiji cha jirani, wakawafunga mabao tisa. Baada ya bao la sita kijana mmoja wa kwetu aliacha kukimbia. Wazee wengine walimkaripia kwamba amewasaliti wenzake; wengine walisema ameonyesha utu. Ubishi haukuisha, nasi tukakumbuka habari za Keith Miller.

Huyu alizaliwa Australia mwezi Novemba 1919, akapewa majina ya ndugu wawili, Keith na Ross Smith, marubani waliokuwa safarini angani kutoka Uingereza hadi Australia siku zile zile. Akawa hodari wa kriketi, mchezo wa gongo na mpira mdogo mgumu. Vita Kuu ya Pili ilipokuja, wakati vijana wa Tanganyika wakipelekwa hata Burma, yeye aliingia Jeshi la Anga la Australia, akawa ofisa na rubani wa ndege za Mosquito. Mwezi Mei 1943 ndege za Wajerumani zilipiga mabomu mji wa Bournemouth alikokaa. Siku hiyo alikuwa amekwenda kucheza kriketi. Aliporudi alikuta rafiki zake wameuawa.

Tarehe 15 Mei 1948 Australia ilicheza na timu ya Essex, ikapata mbio 721 kwa siku moja. Miller alipoingia uwanjani, wenzake walikuwa wamekwisha kupata 364, na wawili tu wametolewa. Mpira wa kwanza ukaangusha vijiti vyake, akatoka na sifuri. Wengi waliamini kwamba aliuachia kwa makusudi, kwa kuwa hakuona fahari ya kumponda aliyekwisha kuanguka.

Je, alitenda vema? Hatuwezi kumsifu moja kwa moja. Mchezaji amekabidhiwa nafasi na wenzake. Asipotaka kuitumia, na amwambie nahodha waziwazi. Tena kumwachia mtu kwa dharau ni kumtukana mara ya pili. Lakini twaona alijua jambo moja: kushinda kuna mpaka, na kupita hapo nguvu haziongezi ushindi, zaongeza aibu ya aliyeshindwa.

Hapa Kyela mchezo huo twaucheza kwa mpunga. Mjane ana mtoto mgonjwa. Mwenye fedha anaununua mpunga wake ungali shambani, kwa bei aitakayo yeye. Hakuiba, walipatana. Hata hivyo amekwisha kupiga mbio 721. Torati haikumkataza mwenye shamba kuvuna. Ilimwamuru asivune mpaka pembeni, ili maskini na mgeni wapate.

Basi kwa kijana wetu twasema: moyo wako ulikuwa mwema, ila ungemwomba kiongozi akutoe, aingie mdogo asiyepata nafasi. Na kwetu sisi tulio na fedha: tukopeshe kwa haki, au tununue kwa bei ya mavuno. Kila mmoja ajiulize, pembe ya shamba lake ambayo haivuni ni ipi?