Je, Kiti Chaweza Kuasi?

Amri ya hakimu haina upanga. Ni wino juu ya karatasi, na nguvu yake yote ni kutiiwa na wale wenye askari na funguo. Mnyonge akiidharau hukamatwa na askari hao hao. Bali akiidharau mwenye askari, ni nani atakayemkamata?

Mwaka 1991 mwalimu mmoja wa Zaire, aliyekimbilia Uingereza kutaka hifadhi, alitiwa katika ndege kurejezwa kwao, hali ya kuwa shauri lake lingali mbele ya hakimu. Usiku ule hakimu akaamuru arudishwe. Maofisa wakamtengenezea safari ya kurudi. Kisha waziri wa mambo ya ndani, Kenneth Baker, akaivunja, kwani wanasheria wake walimwambia ya kuwa hakimu hana uwezo wa kutoa amri kama ile juu ya waziri. Mwaka 1993 Baraza la Malodi, lililokuwa mahakama ya mwisho ya rufani katika nchi ile, likakata ya kuwa waziri aweza kutiwa hatiani kwa kuidharau mahakama. Ila hatia ikaandikwa juu ya cheo, si juu ya jina la Baker. Wala hapakuwa na kifungo wala faini.

Hukumu ile yasifiwa sana, na yastahili. Lakini kiti hakioni haya, hakilali na mawazo, wala hakina moyo wa kutubu. Aliyeivunja safari ni mtu. Itasemwa kuwa alifuata shauri la wajuzi, na udhuru huo wampunguzia lawama. Ila mlango wa kumwendea hakimu na kumwomba aiondoe amri yake ulikuwa wazi, na mtu yule alikwisha kuwa Kinshasa.

Yuko pia atakayeuliza: je, hakimu akiamuru dhulma? Raia akikataa amri kwa ajili ya dhamiri yake, shingo anayoiweka hatarini ni yake mwenyewe, na adhabu huipokea. Mwenye cheo akikataa, shingo ni ya mwingine. Mambo haya mawili hayafanani hata kidogo, ijapokuwa wenye vyeo hupenda kuyafananisha.

Na dharau hii si ya Waingereza peke yao. Mwezi wa Machi 2018 wakili Miguna Miguna alizuiliwa katika uwanja wa ndege wa Nairobi. Mahakama ikaamuru aachiliwe, naye hakuachiliwa, bali alipelekwa Dubai. Hakimu George Odunga akawatoza faini waziri Fred Matiang'i, mkuu wa polisi Joseph Boinnet, na katibu wa uhamiaji Gordon Kihalangwa, shilingi 200,000 kila mmoja, zikatwe katika mshahara wake. Katika mshahara wake! Fedha yenyewe ni ndogo kwa watu wa daraja ile, lakini hapa hatia ilipewa jina na mfuko.

Disemba ya mwaka ule ule mahakama ikaamuru Miguna alipwe fidia ya zaidi ya shilingi milioni 7. Hiyo ni deni la serikali, nayo serikali hailimi wala haivui. Hulipa kwa kodi ya muuza samaki na mchukuzi wa bandarini, ambao hawakumzuilia mtu yeyote. Miguna mwenyewe hakurudi Nairobi mpaka Oktoba 2022, baada ya serikali kubadilika.