Baraka Yupo?

Mgeni anabisha hodi, anauliza: "Baraka yupo?" Anajibiwa: "Hayupo." Kwa Mswahili hapo hapana ajabu, mtu katoka, atarudi. Katika Madina ya karne ya 7, majibizano ya namna hii yalizua suala la kidini. Samura bin Jundub anasimulia katika Sahihi ya Muslim kwamba Mtume Muhammad (S.A.W.) aliwakataza masahaba kuwapa watumwa wao majina manne: Aflah, Rabah, Yasar na Nafi', ambayo yote hutaja kufaulu, faida, wepesi au manufaa. Sababu ni hiyohiyo ya hodi: utauliza kama yupo, uambiwe hayupo, na nyumba itakuwa imejitamkia yenyewe kwamba heri imeondoka.

Jabir bin Abdillahi, katika kitabu hichohicho, analiingiza na jina Baraka, ila simulizi yake inaishia pengine. Mtume alikusudia kuyakataza majina ya aina hii, kisha akanyamaza hadi alipofariki dunia. Umar bin al-Khattab naye akakusudia, naye akaacha. Imamu Nawawi, mmoja wa nguzo za madhehebu ya Shafii yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani ya Afrika Mashariki, aliamua kwamba katazo hilo ni la karaha, si la uharamu. Na Nafi' mmoja, mtumwa aliyeachwa huru na Abdallah bin Umar, alibaki na jina lake hadi akawa mwalimu wa Imamu Malik katika hadithi.

Baraka hutoka katika mzizi wa b-r-k, ambao Waarabu huutumia kwa ngamia anayepiga magoti na kutulia chini. Humo imo pia birka, hodhi la maji, ndilo birika la kutawadhia katika misikiti ya kale ya pwani. Raghib al-Isfahani, mwanachuoni wa maneno ya Kurani, alieleza baraka kuwa ni heri ya Mungu iliyothibiti ndani ya kitu. Heri ya kupita njia haihesabiwi.

Kurani huviita mubarak vitu vingi: mvua, mzeituni, nyumba ya kwanza ya ibada kule Makka, na Kitabu chenyewe. Kwa mwanadamu, sifa hiyo hutamkwa na mmoja tu, Isa bin Maryamu, akiwa bado mtoto mchanga, katika Sura ya 19. Naye hasemi kwamba amejibariki, asema amejaaliwa. Kwa hiyo Baraka na Mubarak, ingawa ni ndugu, hawadai jambo moja. Anayeitwa Baraka ameitwa heri yenyewe, na ndiyo maana hodi ya mgeni inatatiza. Anayeitwa Mubarak ni mpewa tu, na jina lake linamwachia Mtoaji nafasi. Ni jina la unyenyekevu kuliko linavyosikika.

Shida ni nani aliyejikalisha katika nafasi hiyo. Katika pwani ya karne ya 19, Mabruki, Baraka na Faraji yalikuwa majina ya kawaida ya watumwa, na heri iliyotajwa ilikuwa kwanza heri ya bwana. Mwaka 1857, wapelelezi Waingereza Richard Burton na John Hanning Speke walipokuwa wakijiandaa kwenda bara, walimkodi mtumwa aitwaye Mabruki kutoka kwa bwana wake Mwarabu, kwa dola 5 kwa mwezi. Mbarikiwa alitembea, kodi ikaenda kwa bwana. Samura aliposimulia kwamba katazo lilihusu majina ya watumwa hasa, aligusa jambo ambalo wafasiri wa baadaye hawakulipa uzito unaostahili.

Aliyemwingiza Mabruki kwenye msafara huo ni Myao mwenzake, Sidi Mubarak Bombay. Bombay alitekwa akiwa mtoto, akauzwa Kilwa, akapelekwa India, akawa huru baada ya bwana wake kufa, kisha akarudi Afrika. Alisafiri na Speke mara mbili, akamsindikiza Stanley alipomtafuta Livingstone mwaka 1871, halafu akavuka bara na mpelelezi Cameron hadi bahari ya Atlantiki. Katika safari ya pili ya Speke, mwenzake katika uongozi wa watu wa Unguja aliitwa Baraka. Mubarak na Baraka waligombana vibaya.

Waungwana nao walilishika jina hili. Mbaruk bin Rashid al-Mazrui wa Gazi aliongoza vita dhidi ya Waingereza mwaka 1895, na mwaka uliofuata akakimbilia upande wa Wajerumani. Kwa Wayahudi mzizi ni huohuo: Baruch Spinoza, "mbarikiwa" wa Amsterdam, alilaaniwa na kutengwa na jumuiya yake mwaka 1656, kisha akajiandika Benedictus, maana ileile kwa Kilatini.

Na Mjaluo mmoja aliyesilimu, Hussein Onyango Obama, alikuwa na mwana aitwaye Barack. Jina la mwana likahamia kwa mjukuu aliyezaliwa Honolulu mwaka 1961. Mjukuu alipogombea urais mwaka 2008, wapinzani wake Wamarekani walilishupalia jina la katikati, Hussein. Lile la kwanza, ambalo Umar alikaribia kulipiga marufuku, hawakulijali sana.