Je, Mema Mengi Yaweza Kulipa Deni la Mtu Mmoja?

Kuna swali linalosumbua roho za watu wengi, ingawa wachache hulisema kwa sauti. Mtu amepata mali au cheo kwa njia mbaya. Kisha anaitumia mali ile vizuri. Anasaidia maskini, anajenga, anasamehe, anasifiwa na wote. Je, mema yake yanafuta ubaya wa kwanza? Tukiweka ubaya ule upande mmoja wa mizani, na mema yake upande wa pili, na mema yakiwa mazito zaidi, je, deni limekwisha?

Tungeweza kujibu kwa maneno matupu. Lakini ni afadhali kutazama maisha ya watu waliokuwako kweli. Leo tutawatazama malkia wa Urusi wa zamani, na zaidi wawili kati yao: Elizaveta na Ekaterina wa Pili.

Toka mwaka 1725 mpaka mwaka 1796, wanawake wanne walishika enzi ya Urusi kwa jina lao wenyewe. Wa kwanza alikuwa Ekaterina wa Kwanza, mjane wa Petro Mkuu, ambaye zamani alikuwa mtumishi wa nyumbani. Kisha Anna, kisha Elizaveta binti Petro, na mwisho Ekaterina wa Pili. Wote pamoja walitawala zaidi ya miaka 60. Kati yao walipita wanaume wachache, na hakuna hata mmoja aliyekaa miaka mitatu.

Tusidhani kwamba walikuwa watu wabaya tu. Elizaveta alipenda watu wake. Katika siku zake walifungua chuo kikuu cha Moscow, mwaka 1755. Tena katika utawala wake wote hakukubali mtu yeyote auawe kwa hukumu, na hilo lilikuwa jambo la ajabu katika Ulaya ya siku zile, ambapo hata mwizi wa kondoo aliweza kunyongwa. Ekaterina wa Pili alikuwa binti wa mtawala mdogo wa Ujerumani. Alifika Urusi mwaka 1744, msichana wa miaka 14, akajifunza lugha ya watu na desturi zao. Alipokuwa malkia, alianzisha shule ya wasichana. Mwaka 1768, watu walipoogopa dawa ya kuzuia ndui, alimwita mganga Mwingereza amchanje yeye mwenyewe kwanza, halafu mtoto wake, ili watu wote waone na wasiogope. Mama wa namna hii anastahili sifa, na sisi hatutaki kumnyima.

Lakini sasa tusikilize habari ya mtoto mmoja.

Petro Mkuu alikuwa ametoa sheria, mwaka 1722, kwamba mfalme aweza kumchagua mwenyewe mrithi wake. Malkia Anna hakuwa na mtoto. Basi alipokaribia kufa, mwaka 1740, alimchagua mtoto wa binti wa dada yake, jina lake Ivan. Mfalme mpya alikuwa na umri wa miezi miwili. Majuma machache baadaye mama yake akaanza kutawala kwa niaba yake.

Mwaka mmoja ulipita. Mwisho wa mwaka 1741, usiku, Elizaveta alikwenda kwenye kambi ya askari walinzi, akawakumbusha kwamba yeye ni binti wa Petro Mkuu. Askari wakamfuata. Wakaingia katika jumba la mfalme, wakawakamata wazazi wa Ivan katika vyumba vyao, wakamchukua na mtoto. Damu haikumwagika. Asubuhi Urusi ilikuwa na malkia mpya.

Elizaveta alifikiri kwanza kuwarudisha watu hawa kwa jamaa zao katika nchi za Wajerumani. Lakini njiani alianza kuogopa. Je, kama mfalme mwingine akimtumia mtoto huyu kuniondoa? Basi msafara ukasimamishwa. Walihamishwa kutoka boma hili mpaka lile, na mwaka 1744 wakapelekwa Kholmogory, mbali sana upande wa kaskazini, pahali pa baridi kali. Hapo Ivan, mtoto wa miaka minne, alitengwa na baba yake na mama yake. Walikaa karibukaribu, naye hakuwaona. Mama yake alikufa mwaka 1746 katika kuzaa.

Nje, jina lake lilifutwa. Fedha zenye sura yake ziliondolewa katika mikono ya watu, na barua zenye jina lake zikakusanywa. Mwaka 1756 alichukuliwa kwa siri mpaka boma la Schlüsselburg, lililo juu ya kisiwa, pale mto Neva unapotoka katika ziwa Ladoga. Walinzi walikatazwa kumwambia yuko wapi. Waliitwa walinzi wa mfungwa asiye na jina. Hata hivyo yeye alijua kwamba ni nani, na walinzi waliandika hivyo katika barua zao.

Elizaveta alikufa mwanzo wa mwaka 1762. Petro wa Tatu akashika enzi. Huyu alikwenda mwenyewe Schlüsselburg kumtazama mfungwa, akarudi, akamwacha palepale. Katikati ya mwaka uleule Ekaterina alimpindua Petro, mume wake, na siku chache baadaye Petro alikufa mikononi mwa walinzi wake. Ekaterina naye alimtazama Ivan kwa macho yake, naye akamwacha palepale. Tena amri ikathibitishwa: mtu akijaribu kumtoa mfungwa kwa nguvu, na walinzi wasiweze kuzuia, mfungwa auawe, asitoke akiwa mzima.

Mwaka 1764, Ekaterina akiwa safarini mbali na mji mkuu, ofisa mdogo jina lake Mirovich alijaribu kumtoa. Alipofika mlangoni, walinzi walikuwa wametimiza amri. Ivan alikuwa amekufa kwa upanga. Umri wake haujafika miaka 24, na kati ya hiyo, zaidi ya miaka 22 alikuwa katika kifungo. Walioua walipewa fedha. Mirovich alikatwa kichwa mbele ya watu, na watu walishangaa sana, maana walikuwa wamekaa miaka zaidi ya 20 bila kuona jambo kama lile.

Miaka mitatu baadaye, 1767, Ekaterina alitoa kitabu kikubwa cha mafundisho juu ya sheria, alichokiandika kwa kufuata wenye akili wa Ufaransa na Italia. Ndani yake alifundisha kwamba kutesa watu ili waseme ni vibaya, na kwamba mtu asihesabiwe mwenye kosa kabla ya hukumu. Wengi katika Ulaya walimsifu. Mafundisho yale yalikuwa mema. Lakini ni mwamuzi gani aliyemhukumu Ivan? Kwa kosa gani? Mtoto wa mwaka mmoja aliye katika kitanda chake amevunja sheria ipi?

Basi turudi katika swali letu.

Watu wengine watasema: Malkia hawa walikuwa na sababu. Kama Ivan angetoka, pengine vita vingeanza, na maelfu wangekufa. Je, si heri mmoja ateswe kuliko wengi wafe?

Maneno haya yana nguvu, nasi tusiyadharau. Hatari ilikuwako kweli. Lakini tuangalie vema: hatari ile ilitoka wapi? Haikutoka kwa Ivan. Ilitoka kwa kitu chake kilichokuwa mikononi mwa mwingine. Mwenye kunyang'anya huanza kumwogopa aliyenyang'anywa, kisha anaiita hofu yake mwenyewe amani ya nchi. Aliyeingia kwa dirisha hulala akitazama dirisha. Elizaveta aliogopa hivi miaka 20. Ekaterina alipata kuogopa zaidi: mwaka 1773 Mkosaki jina lake Pugachev alitangaza kwamba yeye ndiye Petro wa Tatu, kwamba hakufa, na wakulima wengi waliofungwa katika mashamba ya mabwana wao wakamfuata. Maelfu ya watu walikufa kabla ya yeye kukamatwa na kuuawa, mwaka 1775. Kwa hiyo kifo cha Petro na cha Ivan havikununua amani.

Tena kuna jambo lingine. Ivan alikuwa na ndugu wanne, wanaume wawili na wanawake wawili, waliobaki Kholmogory. Mwaka 1780 Ekaterina aliwaachilia, akawapeleka Denmark kwa shangazi yao malkia, wakakaa katika mji wa Horsens. Na vita havikuanza. Twajua kwamba wao hawakuwa hatari kama Ivan, maana hawakupata kuwa wafalme. Lakini kwa karibu miaka 40 walisema haiwezekani, na siku moja ikawezekana. Mara nyingi neno haiwezekani maana yake ni hatujataka.

Wengine watasema: Kosa lilikuwa kuwaweka wanawake katika enzi. Hapana. Petro wa Tatu alikuwa mwanaume, naye alifunga mlango uleule. Dhamiri haina mume wala mke.

Sasa twajibu. Mema ya malkia hawa ni mema kweli. Aliyesomeshwa amesomeshwa, na aliyeponywa ndui ameponywa. Hayo hayafutiki kwa sababu ya ubaya wao. Lakini vilevile ubaya wao haufutiki kwa sababu ya mema yao, maana haki si mizani ya sokoni, ambapo mtu aweza kuongeza mchele penye upungufu wa unga. Deni lina jina la mtu. Nikiwa na deni kwa Petro, nami nikagawa fedha kwa watu mia, watu mia wananishukuru, na Petro bado ananidai. Elizaveta aliwaachia uhai watu wengi sana. Hakuna hata mmoja wao aliyekuwa Ivan.

Tena deni hili halikuwa jambo la zamani lililopita. Kila asubuhi mfungwa alipoamka, kifungo kilianza upya. Kila asubuhi malkia aliweza kusema: Mfungueni. Kwa hiyo hakutenda kosa mara moja tu halafu miaka 20 ya wema. Alitenda wema na kosa pamoja, siku kwa siku, na sifa za watu zilimsaidia asisikie sauti iliyotoka kisiwani. Hapa ndipo hatari kubwa ya mema yetu: yanaweza kuwa blanketi la kufunika masikio.

Wasomaji wapenzi, sisi hatuna enzi wala maboma. Lakini tusiseme kwamba habari hii ni ya wakubwa tu. Je, hakuna katika vijiji vyetu na miji yetu mtoto wa marehemu, anayeishi katika nyumba ya baba mdogo wake? Anakula, anavaa, analipiwa shule. Majirani husema: Mtazame mtu huyu, jinsi anavyomlea yatima! Lakini shamba ni la nani? Na nyumba ile ni ya nani? Na mjane, mama wa mtoto, aliondoka namna gani? Baba mdogo hutoa sadaka, husaidia msibani, wote humsifu. Naye siku moja mtoto akiuliza juu ya shamba la baba yake, anakasirika na kusema: Mtoto huyu analeta fujo katika ukoo.

Hapana, fujo haikuletwa na mtoto. Ilikuwako tangu siku ile shamba lilipochukuliwa.

Tukisoma Injili tunaona kwamba Zakayo alitaka kuwapa maskini, lakini hakuishia hapo. Aliahidi pia kuwarudishia wale hasa aliowanyang'anya. Alijua tofauti ya sadaka na deni. Sadaka humpa mtu yeyote mwenye haja. Deni hutafuta mtu mmoja, kwa jina lake.

Basi kila mmoja wetu ajiulize usiku, watu wakiwa wamelala na sifa zao zimenyamaza: Je, yuko mtu ambaye sipendi kusikia jina lake likitajwa? Kama yuko, tusikimbilie kutenda mema mengine mbali naye. Tuanze kwake. Elizaveta na Ekaterina walikuwa na nafasi hiyo kila siku kwa miaka 22, wakaahirisha, mpaka siku ile mlango ulipofunguliwa na hapakuwa tena na mtu wa kurudishiwa.